Shujaa na Hadhira Yake: Kuundwa na Kutolewa kwa Filamu ya "Supa Modo" Kukitazamwa kutoka Mutomo

1.0 Utangulizi

Katika uhakiki wa fasihi ya Kiswahili, mjadala kuhusu shujaa umetawaliwa kwa muda mrefu na tenzi. Fumo Liyongo ndiye aliyefanywa kipimo, na wahusika wengine wakapimwa kwake. Sinema, kwa upande wake, imeachiwa wataalamu wa mawasiliano, kana kwamba picha isemayo haina fanani wala hadhira. Mgawanyo huu una hasara yake. Mwaka 2018 ilitolewa filamu ya Kikenya iitwayo "Supa Modo", chini ya uelekezi wa Likarion Wainaina, ambayo kwa sehemu kubwa inazungumza Kiswahili na ambayo inauliza swali lilelile ambalo tenzi zimekuwa zikiliuliza: nguvu za shujaa zatoka wapi, na ni nani azishuhudiaye?

Makala haya yanakusudia kufuatilia historia ya kuundwa na kutolewa kwa filamu hiyo. Istilahi "shujaa wa ajabu" inatumika hapa kwa maana ya mhusika mwenye uwezo upitao ule wa binadamu wa kawaida, ambaye ana vazi na jina la kishujaa, na ambaye amepata umaarufu ulimwenguni kupitia vitabu vya katuni vya Kimarekani tangu Superman alipochapishwa kwa mara ya kwanza mwaka 1938. Hoja inayotetewa ni kwamba thamani ya "Supa Modo" haitokani na kumvisha mtoto wa Kenya vazi hilo la kigeni. Filamu hii inaihamisha nguvu ya shujaa kutoka katika mwili wake na kuitia mikononi mwa hadhira yake. Kwa kufanya hivyo inajibu, pengine bila kukusudia, nadharia ya kikoloni kuhusu mtazamaji wa kijijini, na papo hapo inaufungulia utamaduni wa masimulizi mlango wa kuingia katika sinema.

Historia hii inatazamwa kutoka Mutomo, mji mdogo wa kusini mwa Kitui, kwenye njia iendayo Ikutha na Kibwezi. Maweni, kijiji kinachosawiriwa katika filamu, ni cha kubuni, na hakuna haja ya kudai kwamba ni Mutomo. Sababu za kuchagua mahali hapa ni tatu. Kwanza, Ukambani una ngano ambazo shujaa wake aghalabu ni mdogo na mnyonge. Pili, hadhira ya vijiji kama vya Kitui ndiyo iliyofikiriwa na wakoloni walipounda sinema ya "wenyeji". Tatu, mji wa aina hii, ulio mbali na majumba makubwa ya sinema, ndio kipimo cha haki cha kuulizia kama filamu inayosifu kijiji inaweza kukifikia kijiji.

2.0 Mwili wa Shujaa katika Simulizi

Ni vyema kuanza na Liyongo, kwani ndiye anayejulikana zaidi. Katika utenzi uliotungwa na Muhammad bin Abubakar Kijumwa mwaka 1913, nguvu za shujaa zimo mwilini. Ni jitu la kimo, silaha za kawaida hazimdhuru, na ana siri moja tu: kitovu chake, kinachoweza kupenywa na chombo cha shaba. Siri hiyo inafichuliwa kwa mwanawe mwenyewe, aliyerubuniwa kwa ahadi, na shujaa anakufa. Simulizi ya Waluo kuhusu Lwanda Magere ina muundo wa karibu sana na huu. Mwili wake ni wa jiwe, udhaifu wake umo katika kivuli, na siri yake inavuja kupitia mke aliyetoka kwa maadui. Katika simulizi zote mbili, shujaa ni mwili uliofungwa kama ngome yenye tundu moja, na historia yake ni historia ya tundu hilo kugunduliwa.

Hata hivyo, wahakiki wengi wamelipita haraka tukio jingine katika kisa cha Liyongo. Akiwa gerezani, anapata tupa iliyofichwa ndani ya mkate wa wishwa, ulioletwa na Saada, mjakazi wa nyumba yao. Mkate huo ni mbaya kiasi kwamba walinzi hawautamani. Kisha Liyongo anaomba ngoma ya gungu ichezwe, na wakati watu wanapopiga upatu na kuimba kwa sauti, yeye anakata minyororo. Kelele za wachezaji zinaufunika mlio wa tupa. Tukio hili linaonyesha kwamba nguvu za mwili hazikumtosha hata Liyongo. Alihitaji mama mwenye busara, mjakazi mwaminifu, na umati ulioimba bila kujua, au pengine ukijua, kwamba wimbo wake ulikuwa sehemu ya ukombozi. Hadhira tayari imo ndani ya kazi ya ushujaa, ingawa utenzi haukumpa sifa mtu mwingine ila shujaa.

Ngano za Ukambani zinaelekea upande mwingine. John Mbiti, aliyezaliwa Mulango, Kitui, mwaka 1931, alizikusanya na kuzichapisha nyingi katika kitabu "Akamba Stories" mwaka 1966. Katika ulimwengu wa ngano hizi, kama ilivyo katika ngano za jamii nyingi za Kibantu, binadamu hupambana na zimwi, ambalo kwa Kikamba huitwa eimu, na mshindi si lazima awe mwenye misuli. Mara nyingi ni mtoto, au yule aliyedharauliwa, au mnyama mdogo kama sungura. Nguvu zake ni ujanja na sauti, na pia uwezo wa kuwashawishi wengine washirikiane naye. Vivyo hivyo katika mapokeo ya kihistoria. Syokimau, nabii wa kike anayekumbukwa Ukambani, hakusifiwa kwa kupigana vita bali kwa kuona: anasimuliwa kuwa aliliona nyoka refu lipitalo nchini, ambalo baadaye lilifasiriwa kuwa ni reli.

Mtu anaweza kuongeza mfano usio wa ngano. Mwaka 1938, mwaka uleule wa Superman, serikali ya kikoloni ilipoanza kuwapunguzia Wakamba mifugo kwa nguvu, maelfu ya watu kutoka Machakos walikwenda Nairobi na kupiga kambi huko kudai haki yao. Kiongozi wao, Muindi Mbingu, alikamatwa na kupelekwa uhamishoni Lamu, karibu na nchi ya Liyongo. Aliyekamatwa alikuwa mtu mmoja. Waliolazimisha serikali kurudi nyuma walikuwa umati. Mapokeo haya mawili, la shujaa aliye mwili na la shujaa aliye umati, ndiyo yanayokutana katika "Supa Modo".

3.0 Sinema ya Kikoloni na Hadhira Iliyodharauliwa

Sinema haikuingia vijijini Afrika Mashariki kama burudani tu. Kati ya mwaka 1935 na 1937, mradi wa majaribio ya sinema ya elimu kwa Wabantu uliweka makao yake Vugiri, katika milima ya Usambara nchini Tanganyika. L. A. Notcutt na G. C. Latham, waliousimamia, walitengeneza filamu 35 fupi na kuzitembeza kwa lori katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Maelezo yaliandaliwa kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwemo. Maudhui yake yalikuwa kilimo, afya, akiba na tabia njema. Mwaka 1939 serikali ya Uingereza iliunda Kitengo cha Filamu za Makoloni, ambacho kiliendeleza kazi hiyo wakati wa Vita vya Pili vya Dunia na baada yake.

Jambo linalomhusu mhakiki wa fasihi ni nadharia ya hadhira iliyoambatana na kazi hiyo. William Sellers, aliyeongoza kitengo hicho na ambaye uzoefu wake ulianzia Nijeria, alishikilia kwamba mtazamaji wa kijijini hawezi kufuata filamu yenye mikato ya haraka. Picha ziwe ndefu, kamera itulie, na hila za sinema ziepukwe. Mtu asitoweke ghafla, asiruke hewani, wala kitu kidogo kisikuzwe kikajaza kitambaa, kwani mtazamaji ataamini kwamba kitu hicho kina ukubwa huo kweli. Kwa maneno mengine, mtazamaji huyu alidhaniwa kuwa hana uwezo wa kutofautisha mchezo na ukweli.

Dhana hii haikuthibitishwa kwa utafiti wa kuridhisha, na iliwapuuza kabisa watu waliokuwa wamelelewa katika ngano. Mtoto aliyesikia kwamba eimu lilijigeuza kijana mtanashati akaja kuposa, kisha akatambua hila hiyo kabla ya mhusika kuitambua, alikuwa tayari amefunzwa kanuni za mabadiliko ya ghafla, ya ukubwa usio wa kawaida, na ya kurukaruka kwa wakati. Fanani hakumficha kwamba anabuni. Alimwalika aingie katika ubunifu huo kwa kuitikia, kuimba na kukosoa. Kinaya cha historia hii ni kwamba hadhira iliyodhaniwa haijui hila ndiyo iliyokuwa bingwa wa hila.

Filamu ya shujaa wa ajabu ni utanzu unaotegemea hila kuliko tanzu nyingine zote za sinema. Bila hila hakuna kuruka, hakuna nguvu za mkono, wala hakuna vitu kusogea vyenyewe. Kwa hiyo, iwapo nadharia ya Sellers ingefuatwa, kijiji cha Afrika Mashariki kingekuwa mahali pa mwisho pa kuzaliwa filamu ya aina hiyo.

4.0 Kutoka Makmende hadi Maweni

Baada ya uhuru, mashujaa wa picha waliwafikia wasomaji wa Kenya kwa njia nyingi. Jarida la "African Film", lililosimulia visa kwa picha zilizopigwa kwa kamera, lilimleta Lance Spearman, mpelelezi Mwafrika mwenye kofia na sigara, na likasomwa sana Afrika Mashariki na Magharibi mwishoni mwa miaka ya 1960 na mwanzoni mwa miaka ya 1970. Katika miaka ya 1980, mfululizo wa "Pichadithi" uliziingiza simulizi za jadi, ikiwemo ile ya Lwanda Magere, katika fani ya katuni. Wakati huohuo kanda za video zilianza kusambaa, na vibanda vya video vikafunguliwa mijini na katika vituo vya biashara. Humo ndimo vijana wengi walipowajua Bruce Lee, Jackie Chan, Arnold Schwarzenegger na wenzao.

Lugha ya mtaani iliyapokea mambo haya kwa namna yake. Neno "Makmende", lililotumiwa na watoto wa Nairobi kumdhihaki yule anayejifanya shujaa, kwa kawaida huelezwa kuwa lilitokana na maneno ya Kiingereza aliyoyatamka Clint Eastwood katika filamu "Sudden Impact" ya mwaka 1983, yakasikika vibaya na kugeuzwa kuwa jina la mtu. Kisa hiki kidogo cha lugha kina uzito. Watoto hao hawakuelewa sentensi, lakini walielewa utanzu, nao walipolikopa neno wakalipa maana ya kejeli. Shujaa wa ajabu aliingia katika lugha akiwa tayari amechekwa.

Machi 2010, kundi la muziki la Just a Band lilitoa video ya wimbo "Ha-He" iliyomrudisha Makmende akiwa mhusika kamili: mwanamume mwenye nywele nyingi anayewatwanga wahalifu kwa mtindo wa filamu za miaka ya 1970. Katika siku chache video hiyo ilienea mtandaoni, na Wakenya wakaanza kumtungia Makmende vichekesho visivyohesabika kuhusu uwezo wake. Kwa mtazamo wa fasihi simulizi, hapo hadhira ilifanya kazi ya fanani. Video ilitoa mhusika tu. Visa vyake vilitungwa na umma, vikapokezanwa, vikaongezwa chumvi, na hakuna aliyejua ni nani aliyeanza.

Uhusiano wa tukio hilo na "Supa Modo" si wa kimawazo pekee. Mbithi Masya, mmoja wa wanakikundi hao walioshiriki kuitengeneza video hiyo, baadaye alielekeza "Kati Kati" (2016), filamu kuhusu wafu walio katikati ya ulimwengu huu na ule mwingine, iliyopata tuzo ya wahakiki wa kimataifa huko Toronto. Aliyeshirikiana naye kuandika mswada wake, Mugambi Nthiga, ni mmoja wa waandishi wa "Supa Modo". Filamu hizi mbili zilitoka katika karakana moja, ile ya One Fine Day Films ya Ujerumani, iliyoanzishwa na Tom Tykwer na Marie Steinmann, ikishirikiana na kampuni ya Ginger Ink ya Nairobi. Karakana hiyo ilikwisha kutoa "Soul Boy" ya Hawa Essuman (2010), "Nairobi Half Life" ya David Gitonga (2012), "Something Necessary" ya Judy Kibinge (2013) na "Veve" ya Simon Mukali (2014). Utaratibu wake ulikuwa kuwapa waelekezi na mafundi wa Kiafrika mafunzo chini ya walimu wenye uzoefu, kisha kuwawezesha kutengeneza filamu ndefu.

Mswada wa "Supa Modo" uliandikwa na watu kadhaa: Likarion Wainaina mwenyewe, Mugambi Nthiga, Silas Miami, Wanjeri Gakuru na Kamau Wandung'u. Mpiga picha alikuwa Enos Olik. Stycie Waweru, aliyekuwa bado mtoto, aliigiza mhusika mkuu. Marianne Nungo akawa mama, na Nyawara Ndambia akawa dada. Utunzi wa pamoja wa namna hii ni jambo la kawaida katika sinema, lakini katika filamu hii unaoana na maudhui. Hadithi iliyoandikwa na wengi inahusu kijiji kinachoandika hadithi kwa pamoja.

5.0 Kijiji Kinachomuunda Shujaa

Mtiririko wa filamu ni mwepesi kusimulia. Jo, msichana wa miaka tisa, ni mgonjwa, na maradhi yake hayana tiba. Hospitalini alizoea kutazama filamu za mashujaa pamoja na watoto wenzake. Mama yake, ambaye ni mkunga, anamrudisha nyumbani Maweni ili siku zake zilizobaki azimalize miongoni mwa jamaa. Mama anamfungia ndani kwa hofu. Mwix, dada yake, anaona kwamba kufungiwa huko ni kifo kabla ya kifo, na anawashawishi wanakijiji wamfanye Jo aamini kwamba ana nguvu za ajabu. Mpango huo unapofikia kikomo, kijiji kinaingia katika kazi kubwa zaidi: kutengeneza filamu ambamo Jo ni shujaa.

Linganisha muundo huu na ule wa Liyongo. Kwa Liyongo, nguvu ni dhahiri na udhaifu ni siri. Kwa Jo, udhaifu ni dhahiri: kichwa kisicho na nywele, mwili mwembamba, na uchovu unaoonekana na kila mtu. Siri ya kijiji inahusu nguvu, kwa sababu nguvu zenyewe hazipo. Katika utenzi, anayeijua siri anaiuza na shujaa anakufa. Katika filamu, kila mtu anaijua siri na hakuna anayeiuza. Mwana aliyemchoma baba yake kitovuni anageuzwa kuwa dada anayekwenda nyumba hadi nyumba akiomba siri itunzwe. Usaliti, ambao ndio injini ya simulizi za mashujaa wa Afrika Mashariki, unaondolewa, na mahali pake panawekwa njama ya upendo.

Lakini hapo panazuka swali la kimaadili ambalo filamu haikulikwepa. Je, ni halali kumdanganya mtoto anayekufa? Mama anasimama upande mmoja, Mwix upande wa pili, na kila mmoja ana haki yake. Mama, ambaye kazi yake ni kuwapokea watoto wanaoingia duniani, hajui namna ya kumsindikiza anayetoka. Utatuzi unapatikana pale udanganyifu unapoacha kuwa udanganyifu. Hatimaye Jo anajua kwamba nguvu zile zilikuwa mchezo wa watu wanaompenda. Tangu hapo halaghaiwi tena, anashiriki. Anapovaa vazi mbele ya kamera anajua ni vazi, na waliomzunguka wanajua kwamba anajua. Hii ndiyo hali hasa ya ngano. Fanani na hadhira wote wanajua kwamba sungura hasemi, na wanakubaliana kwamba kwa usiku mmoja aseme.

Anayestahili kuangaliwa kwa makini zaidi ni mwenye kibanda cha video kijijini, ambaye huwaonyesha watu filamu za kigeni huku akizifafanua kwa sauti yake. Yeye ni kielelezo cha kazi halisi. Nchini Kenya mtindo huo umepata jina kubwa kupitia DJ Afro, ambaye husimulia filamu za mapigano kwa Kiswahili cha mtaani, akiwapa wahusika majina mapya na kuongeza vichekesho visivyokuwamo. Tanzania na Uganda nazo zina wasimulizi wa namna hiyo. Mara nyingi kazi yao imetajwa kama tafsiri mbaya, ilhali ni fanani aliyerudi, ambaye safari hii ana kipaza sauti. Filamu ya kigeni kwake ni ala, kama vile mdundo ulivyo ala kwa manju. Katika "Supa Modo", ni mtu wa kazi hii anayekuwa mtengenezaji wa filamu ya kijiji. Hatua hiyo ina mantiki ya kihistoria: aliyesimulia hila za wengine kwa miaka mingi ndiye aliye tayari kubuni hila zake.

Hapa ndipo jibu kwa nadharia ya Sellers linapopatikana. Wanakijiji wa Maweni hawatishwi na hila za sinema, kwani wanazitengeneza wenyewe. Kabla hata kamera haijaletwa, tayari wameigiza. Wanasimama tuli kana kwamba wameganda, vitu vinasogezwa kwa ujanja, na kila mmoja anakumbuka nafasi yake. Hila za kijiji ni za mikono, wala hazitofautiani sana na zile za kompyuta isipokuwa kwa gharama. Na mtazamaji wa filamu anaonyeshwa uzi unaovuta kitu, kisha anatakiwa aguswe moyo ingawa ameuona uzi huo. Mtazamaji wa aina hiyo ndiye yule ambaye mkoloni alisema hayupo.

Hata hivyo, uhakiki wa haki hauna budi kutaja upungufu. Kijiji cha Maweni ni chema mno. Hakuna mzozo wa ardhi, wala deni, wala chuki ya muda mrefu kati ya nyumba na nyumba. Ugonjwa wa Jo umesawiriwa kama majaaliwa, na filamu haiulizi ni watoto wangapi wanaokufa kwa sababu hospitali iko mbali au dawa haipatikani. Msomaji anayezijua sehemu kame za kusini mwa Kitui, ambako mwendo wa kutafuta maji umekuwa sehemu ya maisha kwa vizazi, ataona kwamba umaskini wa Maweni umepakwa rangi za kupendeza. Inaweza kujibiwa kwamba filamu inatazama kwa jicho la mtoto. Jibu hilo ni la kweli, ingawa halimalizi hoja. Ngano zenyewe hutazama kwa jicho la mtoto, na bado zimwi limo ndani yake.

6.0 Kutolewa kwa Filamu

Filamu ilionyeshwa kwa mara ya kwanza katika Tamasha la Filamu la Berlin mwezi Februari 2018, katika kitengo cha watoto, na ikapewa sifa maalumu na jopo la watoto. Ni jambo la kutafakari kwamba waliokuwa wa kwanza kuitambua rasmi walikuwa watoto wa Ujerumani. Katika siku hizohizo, tarehe 16 Februari, filamu ya "Black Panther" ilianza kuonyeshwa Marekani. Hiyo ilitengenezwa kwa gharama ya takriban dola milioni 200 na ikaingiza zaidi ya dola bilioni 1.3 duniani kote. Mwigizaji Mkenya, Lupita Nyong'o, alikuwa mmoja wa nyota wake, na mwezi huohuo ilizinduliwa Kisumu kwa shangwe.

Kwa hiyo mwezi mmoja uliipa Afrika Mashariki mashujaa wa ajabu wa aina mbili. Mmoja ni mfalme wa nchi ya kubuni ya Wakanda, tajiri kuliko mataifa yote, ambaye watu wake wanapozungumza lugha ya Kiafrika huzungumza Kixhosa. Wa pili ni mtoto wa mkunga anayezungumza Kiswahili. Haifai kumtumia mmoja kumdharau mwenziwe. "Black Panther" ilijibu haja halisi ya watu waliochoka kuonyeshwa kama wahitaji. Lakini nguvu za Wakanda zatoka katika madini na damu ya kifalme, yaani katika kitu kinachomilikiwa na wachache. Nguvu za Jo zatoka katika makubaliano ya watu, na makubaliano hayo yanawezekana mahali popote penye watu, Mutomo ikiwemo.

Nchini Kenya, mwaka huohuo wa 2018 ulikuwa wa mvutano kuhusu sinema. Mwezi Aprili, Bodi ya Uainishaji wa Filamu ilipiga marufuku filamu "Rafiki" ya Wanuri Kahiu kwa sababu ya maudhui yake ya mapenzi ya wasichana wawili. Mwezi Septemba Mahakama Kuu iliruhusu ionyeshwe kwa siku saba, na hivyo kuiwezesha kutimiza masharti ya kushindania tuzo ya Oscar. Kamati ya Kenya, hata hivyo, iliiteua "Supa Modo" iiwakilishe nchi katika kundi la filamu za lugha za kigeni. Haikuingia katika orodha ya mwisho. Kuteuliwa katika mazingira hayo kuliipa filamu heshima iliyochanganyika na mzigo, kwani baadhi ya watu waliitazama kama filamu "salama" iliyowekwa mbele ya nyingine iliyokatazwa. Tathmini hiyo inaidhulumu. Filamu inayomwambia mtoto ukweli kuhusu kifo chake, na kuwapa wanakijiji uwezo wa kutengeneza taswira zao bila kungoja ruhusa, ina ujasiri wake.

Linabaki suala la usambazaji. Majumba ya sinema ya Kenya yamejikita Nairobi na katika miji mingine michache mikubwa. Filamu ya Kikenya ya aina hii kwa kawaida husafiri kutoka Nairobi hadi matamasha ya Ulaya, kisha hurudi kwenye majumba ya jiji kwa muda mfupi. Njia hiyo ni ndefu kuliko barabara ya Nairobi hadi Mutomo mara nyingi, lakini ni rahisi zaidi kuipita. Fedha, mafunzo na mialiko imo katika njia hiyo. Lori la Notcutt, pamoja na dharau zote zilizokuwa ndani yake, lilikuwa na jambo moja ambalo taifa huru limelisahau: lilikwenda kijijini. Mtu wa Mutomo leo huipata sinema kwenye simu, kwenye runinga, au katika kibanda chenye sauti ya msimulizi. Filamu zilizotengenezwa kumsifu huenda zikawa za mwisho kumfikia.

7.0 Hitimisho

Historia iliyofuatiliwa hapa inaonyesha kwamba "Supa Modo" si tawi la ghafla la utanzu wa Kimarekani. Ina mizizi katika tenzi na ngano, katika kicheko cha watoto waliomwita mtu Makmende, na katika vibanda ambamo msimulizi alizungumza juu ya sauti za wageni. Mchango wake kwa nadharia ya shujaa ni wa wazi: ushujaa si mali ya mwili, ni mapatano kati ya anayetenda na wanaomtazama. Kwa mwanga huo, hata Liyongo anaweza kusomwa upya. Wachezaji wa gungu waliofunika mlio wa tupa wanastahili nafasi yao katika uhakiki, sawa na Saada aliyebeba mkate.

Wanafunzi wa fasihi wana kazi mbili zinazotokana na hoja hii. Ya kwanza ni kurekodi masimulizi ya vibanda vya video kama vile Mbiti alivyorekodi ngano za Ukambani, kabla wasimulizi hao hawajanyamaza. Ya pili ni kudai kwamba sinema ya Kiswahili ipimwe pia kwa mahali inapofika. Jo hakuishi kuiona filamu yake ikikamilika, lakini kijiji chake kiliiona. Hadhira ilipewa ilichokitengeneza. Kusini mwa Kitui, deni hilo bado halijalipwa.